Hai-fai ya Mzee bado inafaa

"HII ndiyo inayoitwa hai-fai," baba alitutangazia jioni moja ya mwaka wa 1994, huku vijana wawili wa mkokoteni wakihema mlangoni mwa nyumba yetu mtaani Jericho. Mama, ambaye hakukosa neno, alizitazama zile spika mbili zilizomfikia kiunoni, akaitazama sebule yetu ambayo tayari ilikuwa imejaa viti, kisha akauliza: "Kama haifai, mbona umeinunua?"

Mzaha huo ulidumu kwetu miaka mingi. Jiko la mafuta lilipogoma kuwaka, lilikuwa hai-fai. Mtoto aliyeleta ripoti mbaya ya shule, naye alikuwa hai-fai. Sikujua kwamba ingefika siku ambapo sisi watoto, tukiwa watu wazima wenye watoto wetu, tungeketi katika sebule ile ile tukijadili kwa dhati kama mashine ya mzee inafaa au haifai.

Ilikuwa mashine ya Kijapani yenye ghorofa nne. Juu kabisa palikuwa pa kuchezea santuri, chini yake redio, kisha amplifaya, yaani kikuza sauti, na chini kabisa milango miwili ya kanda. Baba aliinunua kwa mkopo wa chama cha akiba na mikopo cha kazini kwao, na deni lenyewe alililipa kwa miaka mitatu. Ndiyo maana sheria ilikuwa moja tu: hapakuwa na mkono mwingine ulioruhusiwa kugusa vifungo vyake.

Jumapili tulikusanyika mbele ya mashine hiyo kumsikiliza Leonard Mambo Mbotela katika Je, Huu ni Ungwana?, kipindi alichokianzisha mwaka wa 1966. Kilipokwisha, baba aliiendeleza mahakama hiyo hapo nyumbani. Nani aliacha sahani mezani bila kuiosha? Je, huo ulikuwa ungwana? Mbotela alipofariki Februari 2025, nilimpigia baba simu kumpa pole kana kwamba amefiwa na rika lake. Aliniambia tu, "Nimesikia, mama. Nimesikia kwenye redio yenyewe." Kwetu Vihiga, si ajabu mzee kumwita bintiye mama.

Redio ndicho kiungo pekee kilichokuwa kimebaki hai katika mashine ile. Sindano ya santuri ilikuwa imepotea zamani. Kanda zilikataa kuzunguka. Mama alitutoka mwaka wa 2003, na tangu hapo baba hakushughulika sana na matengenezo. Alitandika kitambaa cha kufumwa juu yake, akaweka picha ya harusi yao hapo, basi.

Miezi kadhaa baada ya kifo cha Mbotela, tulikuwa Jericho, sisi na watoto wetu. Wajukuu watano walikuwa sebuleni kwa babu yao, na nyumba ilikuwa kimya kama chumba cha mtihani. Kila mmoja alikuwa na simu mkononi na vidude vya kusikilizia masikioni. Mmoja alitikisa kichwa, mwingine alicheka peke yake. Baba aliwatazama kwa muda mrefu, kisha akaniuliza kwa sauti ya chini, "Mama, hawa watoto wanasikiliza nini?"

Nilishindwa kumjibu. Hata wa kwangu mwenyewe sikujua alikuwa akisikiliza nini.

Kaka yangu mkubwa alikuwa na dawa tayari. Mashine iuzwe kwa wale vijana wanaopita mitaani wakinunua vyuma vikuukuu, na mzee anunuliwe spika ndogo ya Bluetooth, saizi ya kopo la maziwa, ambayo simu ya mtu yeyote inaweza kuunganishwa nayo. Kipya kinyemi, ingawa kidonda. Baba hakumjibu. Aliinuka, akachukua kitambaa, akaanza kuipangusa mashine yake vumbi, pole pole, pembe hata pembe. Tulielewa. Ndipo nikajitwika kazi ya kutafuta njia ya tatu: kitu kidogo cha kuifanya hai-fai ya 1994 izisikie simu za leo.

Huenda msomaji wangu hutumia Bluetooth kila siku bila kujua asili yake. Ilianza kubuniwa katika kampuni ya Ericsson mjini Lund, nchini Uswidi, mwaka wa 1994, mwaka ule ule baba aliponunua mashine yake. Kampuni kadhaa kubwa ziliungana kuisimamia mwaka wa 1998. Jina lake linatokana na Harald Bluetooth, mfalme wa Denmark wa karne ya kumi, anayekumbukwa kwa kuwaunganisha watu wa nchi yake. Hata ile alama iliyo kwenye simu yako ni herufi mbili za kale za jina lake, H na B, zilizobandikwa pamoja.

Kwa ufupi, Bluetooth ni redio ndogo. Simu huirusha sauti kwa masafa ya gigahezi 2.4, na chombo kingine huipokea, aghalabu kikiwa umbali wa mita kumi hivi. Hai-fai ya mzee haina sikio la kupokea masafa hayo. Lakini ina kitu ambacho spika ya saizi ya kopo haina: amplifaya yenye nguvu, na spika zenye vifua vipana. Inachokosa ni sikio tu, na sikio hilo ndilo adapta.

Nilidhani kununua sikio ni kazi ya dakika kumi. Nilipanda matatu ya Barabara ya Jogoo hadi mjini, nikaenda Luthuli Avenue, ambako maduka ya vyombo vya stima yamebanana na kila mlango una spika inayoshindana kwa kelele na ya jirani. Nikasema nataka kitu cha Bluetooth cha kuunganisha simu na redio kubwa. Nikapewa kidude, nikalipa Sh600, nikarudi Jericho nikijiona mjanja.

Kidude hakikufanya lolote. Simu yangu ilikitafuta jioni nzima isikione. Mpwa wangu, mwanafunzi wa chuo, ndiye aliyesoma maandishi madogo yaliyokuwa nyuma yake. "Anti," akasema, "hii ni ya kurusha, si ya kupokea." Kumbe kilikuwa cha kuchomekwa kwenye televisheni ili mtu aisikilize kwa vidude vya masikioni visivyo na waya. Nilikuwa nimenunua mdomo badala ya sikio.

Hilo ni kosa ambalo wengi hulifanya, kwa kuwa vyombo hivyo viwili hufanana kama mapacha. Uliza wazi kabla ya kutoa pesa: hiki kinapokea? Vingine hufanya kazi zote mbili, na huwa na swichi ndogo yenye herufi TX, yaani kurusha, na RX, yaani kupokea.

Jirani mmoja akanishauri nijaribu kidude cha aina ile inayotumiwa kwenye magari. Hicho huipokea sauti ya simu kwa Bluetooth, kisha kikairusha tena kama kituo kidogo cha FM, nayo redio ikainasa. Wazo hilo lilinipendeza, maadamu redio ya baba ilikuwa nzima. Lakini Nairobi si kijijini. Tangu vituo vya binafsi vianze katikati ya miaka ya 1990, masafa ya FM kati ya megahezi 88 na 108 yamejaa kama matatu ya jioni. Kila tulipodhani tumepata pengo, mhubiri au mtangazaji wa soka alitokea katikati ya wimbo. Baba naye akawa na swali lake: "Sasa nikitaka kusikiliza taarifa ya habari, nitawafukuza hawa?"

Basi nikaenda kwa fundi mmoja wa Kariobangi nikiwa na picha ya mashine kwenye simu. Fundi alikuwa na dawa ambayo mkazi yeyote wa Eastlands ameiona: kibao kidogo chenye taa, kitundu cha flashi, Bluetooth na rimoti yake. Mafundi wetu hukitia kibao hicho katika spika za kujiundia na redio kuukuu, na kazi huonekana safi kabisa.

"Madam, nitang'oa mlango mmoja wa kanda," alisema, "nikate hapa, kibao kikae. Itang'aa kama mpya. Kanda ni nani anasikiliza siku hizi?"

Ninakiri nilishawishika. Njia hiyo ni nafuu, na inafaa sana ikiwa upande mmoja wa mashine yako umekufa na huna haja nao tena. Lakini kwanza nilimpigia mwenye mali.

"Milango ya kanda isiguswe," baba alisema.

Nikamkumbusha kwamba haikuwa imecheza kwa zaidi ya miaka kumi.

"Isiguswe, mama." Kisha akakata simu, jambo ambalo si kawaida yake.

Nilikasirika kidogo. Nilikuwa nimetumia pesa na Jumamosi tatu, na sasa mzee alikuwa akinizuia kwa ajili ya milango isiyofunguka. Lakini fundi hakununa. "Basi nenda ukatazame mgongo wa mashine," aliniambia. "Mgongo ndio utakaokuambia ununue nini." Laiti ningeambiwa hivyo mwanzo!

Tuliisogeza kutoka ukutani. Nyuma yake, chini ya utando wa buibui, palikuwa na vitundu vya mviringo viwili viwili, kimoja chekundu na kingine cheupe, kila jozi ikiwa na jina lake: PHONO, AUX, TAPE. Chekundu ni cha upande wa kulia, cheupe cha kushoto. Baadhi ya mashine za Ulaya za miaka ya 1970 huwa na tundu moja la duara lenye vijitundu vitano ndani, na hizo huhitaji waya maalum wa kubadilisha. Nazo mashine ndogo za baadaye aghalabu huwa na kitundu kimoja tu cha milimita 3.5, kama kile cha simu.

Nikanunua adapta ya kupokea yenye betri yake ndani kwa Sh1,500, na waya wa Sh200 wenye ncha moja ya milimita 3.5 upande huu na ncha mbili, nyekundu na nyeupe, upande wa pili. Mpwa wangu akauchomeka kwenye PHONO, kwa kuwa aliliona neno hilo limefanana na simu.

Sauti iliyotoka ilikuwa kama ya bati linaloburutwa kwenye lami. Mbwa wa jirani walijibu.

"Toa hapo!" baba alifoka. "Hapo ni mahali pa santuri!"

Mzee alikuwa sahihi kuliko msomi wetu. Sindano ya santuri hutoa umeme mdogo mno, sehemu chache tu za elfu za volti, na kwa hiyo tundu la PHONO huukuza mara nyingi na kuiongeza besi kabla ya kuupeleka mbele. Sauti ya adapta tayari ina nguvu. Ikikuzwa tena namna hiyo, hupasuka. Mahali pake ni AUX au LINE IN, na mashine ikikosa hayo, hata CD itafaa. Ukitumia TAPE, chagua tundu la kuingiza lililoandikwa PLAY au IN, wala si la kutoa lililoandikwa REC au OUT.

Tukauhamishia waya AUX. Baba mwenyewe ndiye aliyekizungusha kitufe cha kuchagua, kwani sheria ya 1994 haijafutwa. Mjukuu wake wa miaka tisa akagusa simu. Ikaja besi ambayo watoto wale hawakuwa wamewahi kuisikia kutoka kwa simu zao, besi inayogonga kifuani kabla ya kufika masikioni. Wakavitoa vidude vyao masikioni, mmoja baada ya mwingine, bila kuambiwa na mtu.

Sitaki kumdanganya msomaji kwamba mambo yote yalinyooka siku hiyo. Betri ya adapta ilipoisha tuliichomeka kwenye chaja ya bei rahisi, pakazuka mvumo kama wa mzinga wa nyuki. Tulipobadilisha chaja ukaisha. Kisha simu ya kaka yangu ikapigwa katikati ya wimbo, na mlio wake ukatikisa madirisha. Tangu hapo simu inayocheza muziki huwekwa katika hali ya ndegeni, halafu Bluetooth peke yake ikawashwa tena.

Kisa kikubwa kilikuwa cha Jumapili ya pili. Baba alikuwa akisikiliza nyimbo za kwaya kutoka kwa simu yangu, nami nikatoka nayo kwenda kununua maziwa. Nilipofika dukani, muunganisho ulikuwa umekatika. Kijana wa nyumba ya pili, ambaye ukuta wake na wetu ni mmoja, akaunganisha simu yake akidhani ni spika yake. Niliporudi nilikuta gengetone ikitetemesha vikombe kabatini, naye mzee ameketi wima mikono magotini.

"Hii kwaya," aliniuliza, "ni ya kanisa gani?"

Adapta nyingi za bei ya chini hazina nambari ya siri. Humpokea yeyote aliye karibu, na katika mitaa yetu ya kuta nyembamba, karibu ni karibu kweli. Izime usipoitumia.

Tulicheka hadi tukafuta machozi. Na pengine ni kwa sababu ya kicheko hicho nilipata ujasiri wa kumuuliza mbona alikataa mlango wa kanda ukatwe. Baba aliingia chumbani, akarudi na kanda moja ya dakika 60. Juu yake palikuwa na mwandiko wa mama: Krismasi 1996.

Nyanya yetu, mama yake baba, hakujua kusoma. Mwaka huo hatukuwa na nauli ya kwenda nyumbani sote, kwa hiyo mama alichomeka maikrofoni kwenye hai-fai, akaandika barua ya sauti na kuituma Vihiga kwa basi. Nyanya alipofariki, kanda ilirudishwa Nairobi pamoja na vitu vyake vichache. Baba alikuwa akiisikiliza mara moja kwa mwaka, mpaka mashine ilipokataa.

"Nilikuwa nikingoja ipone," alisema.

Niliikumbuka ile simu niliyoipiga kutoka Kariobangi, na hasira zangu za Jumamosi tatu. Nikainama kufunga kamba za viatu ambazo hazikuwa zimefunguka.

Fundi yule yule ndiye aliyeifungua mashine. Akanionyesha ukanda wa mpira ambao ndio huzizungusha kanda. Umri ulikuwa umeugeuza kuwa kitu cheusi kinachonata kama lami. Akatia mwingine, akasafisha kile kichwa cha kusomea kanda kwa spiriti, akanidai Sh800. "Ni vizuri mzee alikataa nisikate," alisema. Mpwa wangu naye akaunganisha waya kutoka tundu la vidude vya masikioni la mashine hadi kompyuta yake, akainakili sauti yote tulipoicheza mara ya kwanza, tusije tukaipoteza kanda ikikatika.

Jumapili iliyofuata, sauti hiyo ilitoka kwenye simu ya mjukuu, ikapita hewani hadi kwa adapta, ikaingia AUX, ikatoka kwenye spika zile zile zilizokuwa hapo ilipoandikwa. Mama alimsalimu mama mkwe wake kwa Kimaragoli, akamweleza bei ya sukari, akatuita mmoja mmoja tuseme jambo. Nilijisikia nikihesabu hadi ishirini na kuiruka kumi na tatu. Watoto wangu walicheka. Kisha wakanyamaza, kwa kuwa walikuwa wakimsikia nyanya yao kwa mara ya kwanza maishani.

Karibu na mwisho mama aliuacha Umaragoli kidogo, akasema kwa Kiswahili: "Mwanao alinunua hai-fai, lakini leo imefaa."

Baba hakusema kitu. Alinyoosha mkono akaongeza sauti.

Kwa hivyo, msomaji, kabla ya kumwita kijana wa vyuma vikuukuu, igeuze kwanza mashine yako uutazame mgongo wake. Ukiona AUX au jina linalofanana nayo, kifaa cha gharama ndogo kitatosha. Kama kuna kanda au santuri ndani ya nyumba, waulize wazee ni za nini kabla ya kumruhusu fundi akate chochote. Usiache mbachao kwa msala upitao, na hasa usiuache kabla ya kujua uliwahi kulaliwa na nani.

Siku hizi, tukienda Jericho, kila mjukuu hupewa zamu ya wimbo mmoja, na babu naye zamu yake. Baba sasa anajua watoto wale wanasikiliza nini, na si yote anayoyapenda. Juzi yule wa miaka tisa alijaribu kupenyeza nyimbo mbili mfululizo. Mzee aliinua kidole, akaizima sauti kwa kitufe, akawageukia wengine wote.

"Je," aliuliza, "huu ni ungwana?"